Nimepewa uwakilishi Rukwa, niondoke Dar?

SWALI: Shikamoo mama. Nina miaka 23, naishi Mbagala na nimemaliza diploma ya uandishi wa habari mwaka huu. Fildi nilifanya kwenye redio moja hapa Dar es Salaam, na wamesema naweza kuendelea kujitolea kwenye kipindi cha burudani, ila mshahara hakuna kwa sasa. Wakati huohuo kituo kimoja cha televisheni kinatafuta mwakilishi wa mkoa wa Rukwa. Mhariri amesema nikitaka, nafasi ni yangu. Malipo ni kwa kila habari itakayoruka. Nyumbani hawanielewi kabisa. Watu wa mikoani wanahangaika waje Dar, mimi nitoke Dar niende Sumbawanga? Naogopa nitasahaulika huko. Na je, msichana akiwa peke yake ataiweza kazi hiyo?

JIBU: Marahaba mwanangu. Swali lako nimelisoma mara mbili, maana limenigusa. Nimekuwa mwakilishi mikoani, na sasa nipo upande wa pili, kwenye meza inayopokea habari za mikoani hapa Dar es Salaam. Jibu langu ni nenda. Lakini kabla hujakata tiketi, muulize huyo mhariri swali moja, tena akujibu kwa maandishi: nani atalipa nauli yangu nikiwa kazini?

Unaweza kuona ni jambo dogo. Kwa mwakilishi wa mkoa, hilo ndilo jambo lenyewe.

Chukua ramani ya Rukwa uitazame. Wilaya ni tatu: Sumbawanga, Nkasi na Kalambo. Ofisi za Nkasi ziko Namanyere, za Kalambo ziko Matai. Ukiteremka bonde la Ziwa Rukwa unakuta Mtowisa na Ilemba. Upande wa Ziwa Tanganyika kuna Kirando, Kipili na Kasanga. Huko ndiko watu wanakolima, wanakovua, wanakojifungulia kwenye zahanati zisizo na maji na wanakogombania mipaka ya mashamba. Sasa wewe umepanga chumba Sumbawanga mjini na unalipwa kwa habari. Viwango vingi vya malipo ninavyovijua havitoshi hata mafuta ya pikipiki ya kwenda Namanyere na kurudi. Kwa hiyo hutakwenda Namanyere. Utasubiri lifti.

Na lifti itakuja. Ofisi ya mkuu wa mkoa itakupigia simu: kesho kuna ziara, gari la waandishi linaondoka saa moja asubuhi. Utapanda, utakula na wenzako, utapewa posho, jioni umerudi mjini. Hakuna aliyekuhonga, hakuna aliyekuambia andika hivi usiandike vile. Ila habari ya siku hiyo ilichaguliwa tangu asubuhi na mwenye gari. Mlipita kwenye zahanati ambayo kina mama walikuwa wamepanga foleni nje na ndoo zao vichwani. Uliwaona dirishani, msafara haukusimama. Wiki ijayo ni shirika fulani lina semina, wana nauli, na habari ya wiki hiyo ni semina. Mwaka unaisha umeripoti uzinduzi, ziara na semina, na mkoa wenyewe hujauripoti. Waandishi wengi wazuri wamemalizikia hapo, na wala si kwa uvivu.

Msafara una hatari nyingine pia. Tarehe 11 Januari 2022, gari lililobeba waandishi wa Mwanza kwenye msafara wa mkuu wa mkoa, wakielekea Ukerewe, lilipata ajali Busega mkoani Simiyu. Wenzetu kadhaa walipoteza maisha asubuhi moja. Baada ya mazishi maswali yaliyobaki kwenye vyumba vya habari yalikuwa ya bima: nani alikuwa nayo, familia inalipwa na nani. Sheria ya Huduma za Habari ya mwaka 2016 inamtaka mwenye chombo amkatie bima na kumwekea hifadhi ya jamii mwandishi anayemwajiri. Mwakilishi anayelipwa kwa habari mara nyingi hahesabiwi kuwa mwajiriwa, hivyo anabaki nje ya ulinzi huo, na ndiye anayesafiri kuliko wote.

Ndiyo maana nasisitiza mkataba. Usikubali maneno ya simu. Karatasi iseme kiwango cha kila habari na tarehe ya kulipwa kila mwezi. Iseme fungu la usafiri, hata kama ni la safari mbili tu kwa mwezi za nje ya mji, na uwe huru kuchagua unakokwenda. Iseme bima. Iseme pia habari ikipokelewa na meza ya Dar halafu isiruke kwa sababu zao, unalipwa au hulipwi, maana huko ndiko pesa nyingi za wawakilishi zinakopotelea. Umetoka Sumbawanga hadi Kasanga, umelala huko, umetuma picha, na usiku huo taarifa ya habari imejaa mambo ya Bunge. Habari yako imekufa. Kazi uliifanya.

Tuje kwenye kazi yenyewe, kwa sababu naona chuoni mmefundishwa zaidi kusoma habari kuliko kuitafuta.

Tuseme ni Agosti, mahindi yameshavunwa. Unasikia kwamba wakulima wamelala siku kadhaa na magunia yao nje ya kituo cha kununulia mahindi. Ukifika, usiwashe kamera kwanza. Tembea mstari wote kuanzia getini hadi mkiani. Magunia yahesabu mwenyewe, hata kwa kukadiria kwa mafungu. Mtu akikuambia "tuko hapa wiki mbili", muulize alifika siku gani, kisha muulize jirani yake naye alifika lini. Wazee wengine watakujibu kwa Kifipa. Tafuta mtu wa kukutafsiria, ila asiwe mtendaji wa kijiji wala mgambo wa kituo. Mwanafunzi wa sekondari aliyekuja na baba yake atakufaa sana.

Sasa piga picha. Anza na picha pana inayoonyesha urefu wa foleni, kisha usogee: mkono unaoshona gunia, mizani, daftari la karani, moto wa kuni uliopikiwa uji asubuhi. Kila picha ipe sekunde kumi bila kutikisika na bila kuzungushazungusha kamera. Wawakilishi wapya wanatuletea vipande vya sekunde tatu tatu, halafu wanashangaa habari imekatwa fupi. Mhariri wa picha hana cha kufanya navyo. Kama unatumia simu, ilaze, usiishike wima. Unaporekodi, nyamaza. Sauti ya mizani ikigonga, ya watu wakiitana, ndiyo inayomfanya mtazamaji wa Mbagala ajione yuko Sumbawanga. Na jihadhari na upepo. Uwanda wa Ufipa una upepo mkali miezi hiyo, unaingia kwenye maiki na kufuta maneno yote. Ivike maiki sifongo, uupe upepo mgongo, umkinge unayemhoji kwa mwili wako, na usikilize ulichorekodi kabla hamjaagana.

Mkuu wa kituo mfuate palepale, kabla hujaondoka. Usisubiri ufike mjini ndipo umpigie, kwa sababu simu haitapokelewa na utaishia kuandika "juhudi za kumpata ziligonga mwamba" wakati juhudi yenyewe ilikuwa simu moja. Ukimkuta akakataa kuongea mbele ya kamera, andika saa uliyomuomba na maneno aliyokujibu. Mara nyingine atakupa sababu ya kweli, kwamba fedha za ununuzi hazijafika au ghala limejaa, na hiyo inakupa habari ya pili na ya tatu.

Halafu kuandika. Televisheni itakupa dakika moja na nusu. Kiswahili kikisomwa kwa utulivu ni kama maneno 120 kwa dakika. Toa sauti za watu wawili, kila mmoja sekunde 15. Umebakiwa na dakika moja, maneno 120 tu. Kila jioni meza yetu inapokea habari zinazoanza na "Wananchi wametakiwa" au "Imeelezwa kuwa". Mwanangu, sentensi hizo zimeshakula muda na hakuna mtu aliyeonekana. Anza na mkulima mmoja: jina lake, kijiji chake, idadi ya magunia yake, siku aliyofika. Mtazamaji akishamjua huyo, hapo mwambie foleni ni ndefu kiasi gani na mkuu wa kituo anasema nini. Picha ikionyesha magunia, usiseme "kama yanavyoonekana magunia". Sema kile ambacho picha haiwezi kusema, kwa mfano kwamba amekopa kulipia lori.

Zamani mwakilishi akimaliza hayo alikimbilia stendi, akamkabidhi kondakta kaseti, na sisi tukaipokea Ubungo kesho yake. Leo unatuma kwa simu. Hilo ni jema, lakini limeleta shinikizo jipya: mhariri anakupigia saa nne asubuhi anataka habari ya saa saba mchana, na ukimkubalia kila siku, hutatoka mjini. Jifunze kumwambia, "Nina kitu kizuri Ijumaa, nipe hadi Ijumaa." Mhariri mwelewa atakupa.

Jambo la mwisho kwenye habari hiyo ya magunia ni kurudi. Baada ya wiki mbili nenda tena kituoni, umtafute mkulima yuleyule. Amelipwa? Mahindi bado yako nje? Sisi wa Dar hatuwezi kurudi. Tukituma timu Rukwa, inasafiri zaidi ya kilomita 1,000, inapiga picha siku moja, inageuza. Wewe utakuwepo. Ofisa akijua kwamba utarudi, anaanza kuongea na wewe kwa namna nyingine, na mwananchi naye anaanza kukupigia simu kabla jambo halijaharibika. Hiyo ndiyo thamani ya mwakilishi, na haipatikani kwenye msafara.

Utapata wapi habari za namna hiyo? Baraza la madiwani hukaa kila robo mwaka, na mikutano yake iko wazi. Wenzako wengi hufika kwa ajili ya hotuba ya ufunguzi na kuondoka. Wewe kaa hadi taarifa za kata zisomwe, maana diwani wa kata ya mbali ndiye anayesema daraja limekatika tangu masika. Ripoti ya Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali huwasilishwa bungeni kila mwaka, kwa kawaida mwezi Aprili, na ndani yake halmashauri hutajwa kwa majina. Dar tunakimbilia mabilioni ya mashirika makubwa. Wewe fungua ukurasa wa halmashauri zako, andika mradi unaotajwa, kisha nenda ukauone kwa macho. Na taarifa ukinyimwa, andika barua kwa mkurugenzi wa halmashauri chini ya Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya mwaka 2016, inayompa siku 30 za kukujibu. Hifadhi nakala yenye muhuri wa kupokelewa. Wauguzi, makarani wa mahakama, mama ntilie wa stendi na makondakta wa mabasi ya usiku wasalimie kila siku, hata siku usiyo na swali kwao.

Kuhusu mahakama, tahadhari moja ambayo sitaki uikose. Kwenye mashauri ya ukatili dhidi ya watoto, usimtaje mtoto wala kumwonyesha, na usitaje chochote kinachomtambulisha: jina la mama, shule, hata rangi ya geti la nyumba. Mkoani watu wanajuana. Kitu ambacho Dar kingepita bila kutambulika, Namanyere kinamtambulisha mtoto kabla taarifa ya habari haijaisha.

Kuhusu ithibati, ile Sheria ya Huduma za Habari ya 2016 inataka mwandishi awe amethibitishwa na Bodi ya Ithibati ya Waandishi wa Habari na awe na kitambulisho chake. Kiwango cha chini cha elimu ni diploma, nayo unayo. Kitambulisho hicho kishughulikie ukiwa bado Dar.

Sasa hofu yako ya kusahaulika. Wanaosahaulika wapo, na nakuambia ni wa aina gani: ni wale wanaotuma matamko. Mwakilishi akituma hotuba ya kiongozi, meza ya Dar haikumbuki imetoka Rukwa au Lindi, maana maneno ni yaleyale. Lakini yule aliyetuletea wavuvi wa Kirando wakieleza kwa nini mwezi ule hawaingii ziwani, jina lake tunalijua. Nafasi ikitokea kwenye chumba cha habari, yeye ndiye anayetajwa kwanza. Vituo vya kimataifa vyenye idhaa ya Kiswahili, BBC na DW, navyo hutafuta watu wanaoujua mkoa mmoja vizuri. Na usidhani kila kitu lazima kiishie Dar: Radio Free Africa imejengwa Mwanza na inasikika nchi nzima, na waandishi wa redio za mikoani wamekuwa wakishinda EJAT, tuzo za umahiri wa uandishi wa habari zinazoratibiwa na Baraza la Habari Tanzania. Kila habari yako ihifadhi kwenye diski yako mwenyewe, ikiwa na tarehe. Kituo kinaweza kufungwa, kinaweza kubadilisha menejimenti. Kazi zako zibaki kwako. Jipangie miaka miwili au mitatu, kisha tathmini.

Kile kipindi cha burudani sikidharau, kinalisha watu. Ila utakuwa mtu wa kumi kwenye studio, unajitolea, unapanda daladala mbili kutoka Mbagala kwa pesa ya wazazi, na nafasi ya kushika maiki itategemea nani ameumwa siku hiyo. Hata kwenye habari za Dar utakuta mezani maiki zimebanana kama ishirini, zote zinarekodi maneno yaleyale. Rukwa ukikosekana wewe, huenda kitu hicho kisijulikane kabisa.

Swali la usalama nalichukulia kwa uzito, na sitakudanganya. Tarehe 2 Septemba 2012, Daudi Mwangosi, mwakilishi wa Channel Ten mkoani Iringa na mwenyekiti wa klabu ya waandishi ya mkoa huo, aliuawa akiwa kazini kijijini Nyololo, wilaya ya Mufindi, polisi walipokuwa wakizuia shughuli ya chama cha siasa. Mwaka 2016 Mahakama Kuu ilimhukumu askari mmoja kifungo cha miaka 15 kwa kosa la kuua bila kukusudia. Alikuwa mwakilishi wa mkoa, kazi hii hii unayoitafuta. Kwa hiyo ukifika tu Sumbawanga jiunge na klabu ya waandishi ya mkoa. Siku ya mkutano wa siasa au vurugu, usiende peke yako, vaa kizibao cha mwandishi, simama pembeni ambapo una njia ya kutokea, na meza ya Dar ijue uko wapi na utapiga simu saa ngapi. Mhariri asiyeuliza umefika salama, mfundishe kuuliza.

Na kwa kuwa wewe ni binti, kuna ofisa atakayekuambia taarifa unayoitaka iko hotelini jioni, au kwamba atakupa lifti usiku mkiwa wawili. Hiyo inaitwa rushwa ya ngono, ni kosa chini ya Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya mwaka 2007, na TAKUKURU wana ofisi mkoani. Wewe huna kosa lolote hapo, wala hupaswi kunyamaza ili usionekane mgumu. Mjibu kwamba mahojiano hufanyika ofisini saa za kazi, mwambie mhariri wako siku hiyohiyo, na hifadhi ujumbe aliokutumia. Tafuta dereva wa boda mmoja au wawili wanaoaminika, uliza kwa mama mwenye nyumba na kwa wanawake wenzako kwenye klabu, chumba kiwe karibu na barabara. Unaona tena ninaporudi: binti mwenye nauli yake mfukoni anakataa lifti bila kusita. Asiye na nauli analazimika kupima, tena usiku, tena barabarani. Mhariri anayekunyima fungu la usafiri anakuweka kwenye mzani huo, na ikibidi umwambie hivyohivyo.

Nyumbani usibishane nao. Wapelekee karatasi. Wazazi wanaoona mkataba wenye kiwango, tarehe ya malipo, bima na jina la mtu wa kumpigia wewe usipopatikana, huwa wanasikiliza. Waeleze pia utaondoka na akiba ya miezi mitatu ya kodi na chakula, maana malipo ya kwanza huchelewa karibu kila mahali. Kama akiba hiyo haipo, subiri uipate. Usianze kazi ukiwa na deni, kwa sababu bahasha ya kwanza ya hongo itakayokuja itakukuta huna nguvu ya kuikataa.

Mhariri akikubali usafiri na bima, hata kwa kiwango kidogo, nenda. Akikataa vyote viwili na kusema "utajiongeza huko", mshukuru na umwache. Usirudi kwenye kujitolea. Chukua orodha ya redio za mikoani, za jamii na za biashara, uandike barua kwa zile zinazolipa mshahara wa mwezi, hata uwe mdogo, na zenye pikipiki ya ofisi. Kwenye barua yako ambatisha habari mbili ulizozifanya Mbagala mwenyewe, kwa simu yako, wiki hizi ambazo bado unasubiri majibu.